Sura ya Sita: Vijiko Vilivyolala Kifudifudi

Mke wa Koplo Lafaye hakuwa mtu wa kunyamazia chakula kilichoachwa. Alitoka mahabusu na sinia, akalitua juu ya meza ya Inspekta Firmin Bouyssou, palepale juu ya mafaili, akashika kiuno.

"Haya, tazama mwenyewe, Bwana Inspekta. Nimeamka kabla ya jogoo, nimekata kabichi, nimetia mafuta ya bata, yule binti kala vijiko viwili vitatu, basi. Divai hata hajaigusa. Kijiko kakiegemeza ukingoni utadhani anakianika."

"Mtu anayeshukiwa kuua hana hamu ya kula, Mama Léontine."

"Hamu! Watu wa Paris hao. Hata angekuwa harusini angeacha hivyohivyo. Supu inabaki chini, mafuta yanaganda, mtu anajifuta mdomo na kuondoka. Sisi enzi zetu tungechapwa."

Bouyssou alikuwa ameacha kumsikiliza. Alilitazama bakuli. Supu robo, kijiko kimeegemea ukingoni, tumbo juu, na udongo mweupe wa bakuli haukuwa na alama yoyote nyekundu. Aliinuka, akaibandua picha iliyokuwa ukutani tangu Jumanne, akaileta dirishani penye mwanga.

Picha ile ilionyesha jiko la Profesa Gaspard Valadour, kama lilivyokutwa asubuhi mwili wake ulipogunduliwa. Ufaransa nzima ilikuwa ikimlia. Hakukuwa na mwanafunzi aliyefika mtihani wa mwisho wa sekondari bila kubeba kitabu cha Valadour kwapani, akielewe asikielewe, na siku tatu hizi redio haikuwa na habari nyingine. Mzee alikutwa sakafuni katika nyumba ya wazazi wake hapa Saint-Alpin, kisogo kimepasuka kwenye pembe ya jiwe la meko. Juu ya meza palikuwa na mkate uliokatwa, chupa isiyo na karatasi ya jina, na mabakuli mawili. Mabakuli mawili, walaji wawili. Mmoja ni marehemu, na wa pili, hakimu alisema, ni katibu wake, Bibi Ghislaine Marchenoir, aliyesikiwa na jirani akimfokea alasiri ileile.

Mabakuli yenyewe yalikuwa kabatini, kwenye kasha la vielelezo. Bouyssou aliyatoa, akayaweka kando ya lile la Léontine. Yote mawili yalikuwa na pete ya zambarau iliyokaukia ndani, na kwenye picha vijiko vyote viwili vilikuwa vimelala kifudifudi.

"Mama Léontine, haya yana nini?"

Léontine aliinama, akatazama, akainuka. "Hayana kitu. Watu wamekula vizuri, ndiyo hayo."

"Ndiyo hayo," alisema Bouyssou, na uso ukamchoma kwa aibu.

Maana yeye pia hakuona kitu. Alizaliwa mlima wa pili kutoka hapa. Kwa watu wa huku Périgord, supu haimalizwi kwa kijiko. Ikibaki kidogo, kijiko hulazwa kifudifudi bakulini, divai nyekundu ikamiminwa mpaka mgongo wa kijiko uzame, kisha bakuli hunyanyuliwa kwa mikono miwili na kunywewa mpaka kitako kionekane. Ndiyo chabrot. Baba yake alinywa, babu yake alinywa, Lafaye alinywa jana usiku. Wapelelezi wanne wa mkoa walipita mbele ya mabakuli yale, na wote waliona meza ya nyumbani kwao. Mazoea yana taabu.

Alichukua funguo, akaenda mahabusu.

Ghislaine Marchenoir alikuwa amekaa kitandani, koti mabegani, miwani mkononi. Mwanamke wa miaka kama thelathini na mitano, vidole vina wino ambao maji ya kituo yalishindwa kuutoa.

"Jumatatu jioni ulikula wapi?"

"Nimesema mara ngapi, jamani? Jikoni. Peke yangu. Yeye alisema hana njaa, atakula baadaye. Nikaosha bakuli langu, nikalirudisha rafuni, nikaenda kituoni kwa miguu. Treni ikawa imeondoka. Nikalala nyumba ya wageni pale pale."

"Hujasema kwamba mlikula pamoja."

"Ni ninyi mliosema. Mimi mlinikatiza."

Ilikuwa kweli. Hakimu ndiye aliyemkatiza, lakini Bouyssou alikuwepo na alinyamaza.

"Mligombania nini?"

"Kitabu chake cha mwisho. Nusu nimekiandika mimi, Inspekta, na jina langu alikataa kuliweka hata kwenye shukrani. Eti litawachanganya wasomaji. Nilimpa vidonge vyake. Ningempa tena leo." Macho yalimlowa ghafla, akayafuta kwa hasira. "Sasa hata wa kumgombeza sina."

"Umewahi kumwona Profesa akimimina divai kwenye supu?"

Alimtazama kama mtu aliyeulizwa kama Profesa alikuwa akitembea uchi. "Profesa? Yule tufaha alilimenya kwa kisu na uma. Kitambaa cha mezani alikikunja pembe kwa pembe. Amimine divai kwenye supu kama…"

"Kama mkulima."

"Sikutaka kusema hivyo."

"Sema tu. Baba yangu alikuwa mkulima."

"Miaka kumi na moja nimekula naye. Sijamwona, na nisingeamini ningeambiwa. Kwa nini unauliza?"

"Kwa sababu Jumatatu usiku alimimina," alisema Bouyssou. "Na hakumimina peke yake."

Hakimu mchunguzi Castaing alifika kabla Bouyssou hajafunga mlango wa mahabusu. Alikuwa mtu wa kaskazini, mrefu, mwenye glavu, aliyepangiwa huku miaka minne iliyopita na kuhesabu kila mwaka kama kifungo. Alisikiliza akiwa amesimama.

"Unanichelewesha kwa ajili ya supu?"

"Kwa ajili ya kijiko, Mheshimiwa."

"Miaka kumi na moja na mzee yule. Mtu hujifunza."

"Mheshimiwa umekaa kwetu minne. Umejifunza?"

Hakimu alikunja pua. "Mungu apishe mbali. Hicho ni kinywaji cha nguruwe."

Koplo Lafaye, aliyekuwa mlangoni, aliangalia viatu vyake.

"Basi na yeye angesema hivyo," alisema Bouyssou. "Muulize."

"Sina haja ya kumuuliza. Ataniambia lolote la kumwokoa, na njia ya mwongo ni fupi. Inspekta, sikiliza. Wizara imenipigia simu tangu alfajiri. Kibali cha kuondoa maiti nimeshakitia saini. Saa sita gari lao linamtoa hospitalini kwenda Paris, atalazwa kati ya wakubwa wa nchi, na redio itatangaza jioni. Unataka niwaambie muuaji bado anatembea kwa kuwa kijiko kimelala vibaya?"

"Kimelala vizuri. Ndiyo shida."

"Niletee mtu, usiniletee kijiko." Castaing alivaa glavu yake ya pili. "Gari la gereza la mkoa linafika saa saba. Usipokuwa na jina jingine na saini chini yake, binti anapanda. Na yakishasomwa mashtaka ya kumuua Valadour, unajua baraza la mahakama litataka nini. Litataka kichwa."

Alipoondoka, kutoka mahabusu walisikia kikohozi kidogo.

"Lafaye," alisema Bouyssou. "Mtu aliyefundishwa na Paris kumenya tufaha kwa uma, akirudi kijijini, anamimina divai bakulini mbele ya nani?"

"Mbele ya aliyemwona akiwa na makamasi."

"Wangapi bado wako hai?"

Lafaye alihesabu kwa midomo. "Wawili. Padri Rouveyrol, na Mzee Élie Chassagnol, shemeji yake."

"Anza na padri."

"Padri ana vidonda vya tumbo, afande. Hata divai ya misa anaigusa kwa ulimi tu. Na tangu Jumapili yuko mjini kwa dada yake, jino linamuua."

Bouyssou alipiga simu hata hivyo, na alipiga akiomba padri awe ndiye, jambo lisilo la heshima kwa mpelelezi. Dada wa padri alipokea. Ndiyo, kaka yake yuko, shavu limevimba kama boga, hajatoka kitandani tangu Jumapili, na kama polisi wanataka kumhoji waje na koleo la daktari wa meno. Alishukuru, akakata simu.

Alibaki Élie. Mchonga mawe, mgumba, mjane wa muda mrefu, mtu ambaye hakuna aliyekumbuka kumsikia akipaza sauti. Baba yake Bouyssou alipokufa, Élie alichonga jiwe la kaburi na kukataa malipo, akasema mzee alikuwa akimpa asali. Jumanne alikuwa mmoja wa wanne walioubeba mwili wa Gaspard kuutoa jikoni, na alilia waziwazi mbele ya kila mtu. Hakuna aliyemuuliza hata swali moja. Kikulacho ki nguoni mwako, lakini nani hupekua nguo za mfiwa?

"Yuko wapi saa hizi?"

"Makaburini," alisema Lafaye. "Tangu jana. Patasi yake inasikika mpaka kanisani."

Walikwenda na pikipiki ya Lafaye. Bouyssou alimwacha koplo langoni, akapanda peke yake kati ya makaburi, akifuata mlio wa chuma juu ya jiwe.

Mzee alikuwa amepiga magoti mbele ya kaburi la Noémie, dada yake, mke wa Gaspard, aliyefariki miaka kumi na miwili nyuma. Jina lake lilikuwa juu. Chini yake, kwa herufi za mkono uleule, lilikuwa limechongwa siku ileile jina la mumewe na mwaka wake wa kuzaliwa, kama tufanyavyo sisi, na mbele ya mwaka huo nafasi tupu. Nafasi hiyo sasa ilikuwa ikijazwa. Ilikuwa imebaki tarakimu moja.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, Firmin. Sogea pembeni, unanizibia mwanga."

Bouyssou alisogea. "Unamalizia mwaka."

"Wakimleta wakute tayari. Jiwe hili si la mchezo, halitaki haraka." Alipuliza vumbi. "Mama yako hajambo miguu?"

"Hajambo. Mzee, yule binti wa Paris anapelekwa gereza la mkoa saa saba hii."

Patasi ilisimama. "Si mtamwachia? Hakufanya kitu."

"Umejuaje?"

Élie alipitisha kidole gumba ndani ya tarakimu aliyoikata, kutoka juu mpaka chini.

"Mezani kulikuwa na mabakuli mawili," alisema Bouyssou. "Vijiko vyote kifudifudi."

"Umechelewa kuona." Sauti ya mzee ilikuwa ya kawaida kabisa. "Mimi niliyaona Jumanne, wakati namshika Gaspard miguu. Nikasema, basi, Firmin ataona sasa hivi, mtoto wa huku yule. Ukaangalia meza. Ukapita. Nikangoja jioni, nikangoja jana."

"Kwa nini hukuja mwenyewe?"

"Nilikuwa na mwaka wa kuchonga."

"Wakamkamata mtu asiye na kosa, na wewe unachonga!"

"Nilidhani watamwachia. Mwanamke msomi, ana ulimi wake. Mimi ulimi sina." Alimgeukia kwa mara ya kwanza. Macho yalikuwa mekundu kwa vumbi au kwa kukesha. "Anataka kichwa chake, yule hakimu?"

"Anataka."

Mzee alikaa juu ya visigino vyake. Kwa muda alionekana akipima kitu, kama apimavyo jiwe kabla ya pigo la kwanza.

"Basi nitasema. Yote, na nitatia saini unapotaka. Lakini kwanza uniambie jambo moja wewe. Gaspard atalala hapa? Hapa na Noémie? Maana Paris walikuwa wakimtaka, najua. Kama wanamchukua, mimi sijui lolote, na bakuli lako kampe hakimu anywee."

"Mzee, kuna roho ya mtu."

"Na hapa kuna roho ya mtu!" Aligonga jiwe kwa kiganja, na sauti ambayo hakuna aliyewahi kuisikia ikapanda. "Miaka kumi na miwili yuko peke yake humu, na nafasi kamwachia. Jibu."

Saa ya kanisa ilikuwa imekaribia sita. Bouyssou hakuwa na shahidi, hakuwa na alama ya kidole, hakuwa na kitu ila kijiko ambacho hakimu alikwisha kukicheka. Angeweza kusema ukweli na kumwombea binti huruma. Élie hakuwa mtu mbaya; huenda huruma ingetosha. Bouyssou aliogopa kujaribu.

"Atalala hapa," alisema.

"Niangalie ukisema."

Alimwangalia. "Atalala hapa, mzee. Na dada yako."

Élie alishusha pumzi ndefu, mabega yakalegea, na kwa kitambo uso wake ulikuwa karibu na furaha. Bouyssou aliinamisha macho, akatoa kalamu.

"Alinialika," mzee alianza. "Nikaja na chupa yangu. Tukala kama enzi za mama yake. Yeye mwenyewe ndiye aliyemimina, langu na lake, mpaka kijiko kikazama, akasema, shemeji, Paris ningekuwa nimefukuzwa mezani. Tukacheka mpaka tukakohoa. Nilifurahi, Firmin. Nilisema moyoni, kumbe bado yumo. Halafu ndiyo akaniambia."

"Kuhusu Paris."

"Kwamba wamempa nafasi kati ya wakubwa. Kwamba Alhamisi anatia saini. Nikamwambia, na Noémie je? Ulimwahidi utalala naye, ukiwa umemshika mkono, mimi nimeshika taa. Akatabasamu lile tabasamu la kwenye magazeti. Akasema, Élie, wafu hawangoji mtu." Mzee aliitazama mikono yake. "Nikamsukuma. Mara moja tu. Mikono hii imezoea mawe, haijui kipimo cha mtu. Alhamisi haijafika, nikasema, basi hajatia saini. Nikafunga mlango, nikaenda nyumbani."

"Ulikusudia kumuua?"

"Nilikusudia abaki."

Bouyssou aliandika yote juu ya jiwe la kaburi, kwa kuwa hapakuwa na meza nyingine, akamsomea polepole. Mzee alisahihisha mahali pamoja: chupa ilikuwa ya mavuno ya mwaka juzi, si ya jana. Kisha akatia saini kwa herufi kubwa zilizonyooka, kama za makaburini. Bouyssou alimwita Lafaye kutoka langoni.

"Mpelekee hakimu mkononi mwake. Mwambie binti afunguliwe kabla gari la gereza halijazima injini. Usimame hapo mpaka umwone anatoka."

Lafaye alisoma mstari wa kwanza, akamtazama mzee, akavua kofia bila kujua anafanya nini, akaondoka mbio. Mlio wa pikipiki ulishuka kilima na kupotea upande wa kituo.

"Tarakimu ya mwisho," alisema Élie. "Nimalizie? Ni moja tu, kijiti."

"Malizia."

Aliimalizia bila haraka. Bouyssou alisimama nyuma yake akitazama barabara ya chini kupitia miti. Alikuwa akihesabu: gari limetoka hospitalini saa sita, litakuwa limepita. Lazima liwe limepita. Mzee alifagia vumbi kwa kofia yake, akapanga vyuma mfukoni, akagusa jina la dada yake, nao wakashuka pamoja bila pingu, kama watu wawili wanaotoka kwenye mazishi.

Walifika barabarani gari likiwa ndiyo kwanza linaingia kwenye kona. Mbele askari wawili wa pikipiki, kisha gari refu jeusi, nyuma ya kioo bendera imetandikwa juu ya jeneza. Élie alisogea majanini na kuvua kofia, kama mtu yeyote wa huku avuavyo maiti anapopita, awe nani awe nani. Aliinamisha kichwa. Kisha akakiinua, akaitazama bendera, akaitazama namba ya gari, ya Paris, na gari likawapita likishika njia ya kaskazini.

Kofia ilibaki mkononi mwake.

"Ni yeye," alisema.

Bouyssou aligeukia upande wa kituo. Huko chini Lafaye alikwisha kufika. Karatasi ilikuwa mikononi mwa hakimu, na katika chumba cha mahabusu Ghislaine Marchenoir alikuwa akivaa koti lake. Hilo lilikuwa jema, na alilishikilia kwa nguvu zote.

Mzee aliendelea kuitazama kona mpaka vumbi lilipotulia.

"Siku dada yangu anakufa," alisema, "Gaspard alimwangalia machoni vilevile ulivyoniangalia."

Alivaa kofia yake, akatangulia kuelekea kituoni. Bouyssou alimfuata nyuma.